Vikombe vya Nanasi na Jamvi la Shangazi

Siku mliyoniaga, mmoja wenu alisema, "Bi Mize, tuandikie basi, usiondoke na kila kitu kichwani." Nikacheka, nikasema nitaandika. Sasa naona niliitikia upesi. Mimi nimesoma mpaka darasa la nne, na chuoni, kwenye Kurani, nimekhitimu, basi. Hati yangu mnaijua, ile ya ubao wa jikoni ambayo kila asubuhi mlikuwa mkiikusanyikia watatu watatu muisome. Lakini nina madaftari. Tangu nianze kazi nimeandika kila siku mstari mmoja au miwili, na nimeyatoa sandukuni niyasome ili nisikudanganyeni. Pale nisipokuwa na hakika nitasema sina hakika.

Sitaandika nilipandishwa lini, wala nani alikuja kuwa mkubwa wangu baada ya nani. Hayo yamo kwenye faili ofisini, na faili lina kumbukumbu nzuri kuliko mimi. Nitaandika vikombe, kwa sababu mnavipika mpaka leo na hamjui vimepita wapi.

Nilianza mwaka wa sitini na nne, mwishoni, Mapinduzi yameshapita. Nilikuwa nimetoka kwetu Makunduchi kuja kukaa kwa shangazi yangu Ng'ambo. Tanuri la mikate la Mji Mkongwe, hili lenu, lilikuwa limekwisha kuwa la serikali. Mwenyewe wa zamani alikuwa ameondoka. Sikumjua, kwa hiyo simsemi kwa wema wala kwa ubaya. Siku zile watu waliingia kazini kila leo. Unaambiwa njoo, kesho unaulizwa nani alikwambia uje. Mimi niliambiwa njoo. Nikaazima buibui la shangazi, langu lilikuwa limepauka, nikaenda alfajiri. Nikafika mapema mno, nikakaa barazani mpaka mlango ukafunguliwa.

Aliyefungua alikuwa mwanamke mrefu, gauni la maua, kitambaa cheupe kichwani, unga mpaka kwenye nyusi.

"Shikamoo."

"Marahaba. Nani wewe?"

"Mize. Nimeletwa kazi."

"Unajua kupika nini?"

Nikaogopa kusema uongo siku ya kwanza. "Bokoboko. Na mkate wa kumimina, lakini wa kumimina mara nyingine unanishinda."

"Unakushinda wapi?"

"Unakataa kuumuka."

Akanitazama juu mpaka chini. "Basi angalau unajua kuwa umekushinda. Nilioletewa wiki hii wote wanajua kila kitu. Ingia, uoshe mikono mpaka kwenye viwiko."

Huyo ndiye Bi Agnesi. Alikuwa Mkristo wa Mbweni. Bibi yake alikuwa mwokaji wa mabibi wa misheni, na yeye mwenyewe, kwa maneno yake, alijifunza kutambaa huku anakwepa makaa. Sijui kama alikuwa mwalimu mpole. Daftari langu la mwezi wa kwanza limeandikwa mara nne, "Bi A. amenikemea," na mara moja tu, "Bi A. amenyamaza." Siku aliyonyamaza ndiyo niliyoogopa zaidi.

Kitu cha kwanza alichonifunza ni kulijua tanuri. Tanuri letu lilikuwa la mawe, halina saa wala sindano ya kuonyesha moto. Unakusanya makaa pembeni, unapangusa sakafu kwa gunia bichi, halafu unatupa unga kidogo ndani na kuhesabu mpaka ugeuke rangi ya tende. Ukigeuka upesi, subiri. Ukichelewa, mwite Pandu aongeze kuni. Yeye Bi Agnesi hakuhesabu kwa namba. Alisoma Baba Yetu mara moja, kwa mwendo wa kanisani. Mimi nikamwambia siijui. "Soma yako," akasema. Nikajaribu sura ya Kulhuwallahu, nikakuta nikisoma mara tatu bila ya pupa namaliza naye pamoja. Basi tukawa tunasimama mbele ya mdomo wa tanuri, kila mtu midomo inamchezacheza, na Pandu, mtia kuni wetu, husema, "Tanuri hili lina mashekhe wawili na mkate bado unaungua."

Sasa vikombe. Wazungu waliviita tati. Sisi tuliviita vikombe kwa sababu ya vikopo tulivyovipikia, ambavyo fundi bati alitukatia kutoka makopo ya maziwa. Ni donge la unga linabanwa ndani ya kikopo likae kama bakuli dogo, na ndani yake matunda yaliyopikwa na sukari mpaka yakashikana: nanasi, au embe, au zambarau msimu wake ukifika. Miaka ya mwanzo tuliukanda kwa unga mweupe. Kisha unga mweupe ukaanza kuadimika. Mnaoishi leo hamtaelewa. Watu walipanga foleni kwa mchele, kwa unga, kwa sabuni, na aliyekuwa mbele alitazama nyuma kwa wasiwasi kama aliyekuwa nyuma. Tanurini kwetu tukaanza kuletewa ngano nzima kwenye magunia, ina vumbi, ina vijiwe, ina kila kitu.

Pandu akasema, "Hii ni ya kuku."

Bi Agnesi akachota kiganjani, akaipuliza, akatabasamu kama mtu aliyekutana na jamaa yake. "Hii ni ya bibi yangu."

Ikawa namna hii, na ndiyo namna mpaka leo. Unaichagua ngano, unaiosha, unaianika ikauke kabisa, unaipeleka mashineni kusagwa, na huichungi. Pumba zake zote zinabaki. Unga huo una kiu ya polepole: ukiutia maji ukaona unatosha, hautoshi; ukiongeza hapo hapo, umeshauharibu. Ufunike kwa kitambaa kibichi, ukafanye kazi nyengine, ukirudi utakuta wenyewe umekunywa. Samli itiwe ikiwa imeganda, ifikichwe kwa ncha za vidole. Mimi vidole vyangu ni vya moto, samli iliniyeyukia miezi. Bi Agnesi akaniamuru nivitie kwenye maji ya mtungi kwanza. Kikombe cha unga huo huwa cheusi kidogo, kina ladha ya karanga, na hakilowani na sharubati ya nanasi kama kile cheupe. Watu walinuna wiki mbili, ya tatu wakaanza kuviulizia.

Lakini unga mweusi una kosa moja ambalo sikulijua. Unaficha. Unga mweupe ukiingia taka, unaiona. Huu unaimeza.

Nakuja pale ambapo nimekuwa nikichelewa kufika.

Ilikuwa Ramadhani ya mwaka wa sabini au wa sabini na moja. Daftari lina siku za mwezi wa Kiislamu tu, mwaka sikuandika, nilidhani sitausahau. Tuliletewa amri ya vikombe kwa ajili ya futari ya wakubwa fulani na wageni wao. Ofisi yenyewe siitaji. Waliokuwapo wengi wameshatangulia mbele ya haki na hawawezi kunijibu.

Mjue desturi yetu ya Ramadhani. Sisi tuliofunga tulipika bila ya kuonja, kwa pua na kwa jicho. Bi Agnesi hakufunga, angeweza kuonja, lakini tangu nimjue hakutia kitu mdomoni mbele yetu mwezi ule. Hata maji. Tukimwambia, "Bi Agnesi, kunywa wewe, hatutaki dhambi," hujibu, "Nyinyi nyamazeni, mimi nina adabu zangu." Tulimpenda kwa hilo. Kwa hiyo mwezi mzima tanuri lile lilitoa vitu ambavyo hapana ulimi hata mmoja uliovigusa kabla ya mnunuzi.

Siku tatu kabla ya futari, vuli ilinyesha, turubai letu la kuanikia ngano likalowa chapa. Kazi ya kuosha na kuanika ilikuwa yangu. Nikaona ngano itaota. Nikakimbia nyumbani nikachukua jamvi la shangazi lililokuwa limesimamishwa uani nyuma ya mlango. Shangazi yangu alikuwa akienda Dole kila msimu kuchambua karafuu, na jamvi lile alipewa huko msimu ulipokwisha. Nikarudi nalo tanurini, mvua imekatika, nikalitandaza darini, kwenye paa bapa, juani, nikaimwaga ngano ikiwa bado mbichi. Sisi Makunduchi hatuna karafuu, kwetu ni mawe na bahari. Mimi karafuu nikiijua kwa harufu na kwa pilau. Sikulikung'uta. Sikuligeuza. Ndani ya ukindu uliosukiwa jamvi mlikuwa mmejaa vipande vya karafuu na makonyo yake, yale mashina membamba, na mafuta ya misimu mingi.

Na nisijifichie kitu. Pandu alipita na kuni begani, akasema, "Mize, jamvi lako linanuka karafuu."

Nikamjibu, "Mji mzima unanuka karafuu, Pandu. Wewe mwenyewe unanuka."

Akacheka akaenda zake. Nikaizoa ngano na vyote vilivyokuwamo, nikaipeleka mashineni, na mdalasini wa nanasi ukaja kuifunika harufu.

Siku ya pili asubuhi baada ya futari walikuja watu wawili. Walisema wageni zaidi ya kumi walikula vikombe na ndimi zao zikafa ganzi, midomo ikawa kama si yao, na mzee mmoja akaanguka kwa fazaa akachukuliwa hospitali. Wakauliza nani mkubwa wa upishi. Bi Agnesi akafuta mikono.

"Mimi."

"Umetia nini?"

"Unga, samli, sukari, nanasi, mdalasini."

"Na nini tena?"

"Basi."

Wakamwambia achukue mtandio wake. Alipopita mbele yangu alisema, "Nanasi la jikoni lishushe, litashika chini." Hilo tu. Siku zile mtu akichukuliwa kwa neno kama sumu, nyumbani kwake hawakuuliza atarudi saa ngapi.

Pandu alikaa juu ya kuni zake. "Ganzi," akasema. "Ganzi ya ulimi." Akanitazama. Nadhani alijua. Sina hakika. Mimi nilijua hapo hapo, kwa sababu nilikwenda kwenye gunia la unga uliobaki, nikachota, nikanusa pua ikiwa ndani kabisa, nikaikuta karafuu.

Nataka mnielewe, sitafuti kuonewa huruma. Nikinyamaza, Bi Agnesi anaitwa mtia sumu. Nikisema ni jamvi la karafuu, watauliza jamvi la nani. Karafuu wakati ule haikuwa kiungo tu, ilikuwa mali ya nchi, na mtu kukutwa nayo ndani bila ya karatasi ya serikali lilikuwa jambo la kumtoa kwake akafungwa. Shangazi yangu alikuwa mzee, mjane, ndiye aliyenipokea. Sikuwa na njia ya kumtoa mmoja bila ya kumtia mwengine. Au ndivyo nilivyojiambia. Huenda nilikuwa nikijiogopea mwenyewe, na shangazi nilimweka mbele kama pazia. Nimelifikiri hili miaka yote na siwezi kuapa.

Daftari la siku ile limeandikwa: "Leo sikusema." Siku ya pili yake: "Leo pia."

Siku ya tatu nilirudi kutoka kazini baada ya adhuhuri, nikamkuta shangazi anatafuta jamvi lake.

"Mize, jamvi langu umelipeleka wapi? Nataka kukaa nichambue mchicha."

Nikalia. Nikamweleza yote nikiwa nimesimama mlangoni, bado nimevaa buibui. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Mwanamke wa watu ana siku ngapi huko?"

"Ya tatu leo."

"Na wewe ukala daku na kufuturu hapa nyumbani, nnakutazama, hunambii?"

"Nilikuwa nakuogopea wewe, shangazi."

"Usiniogopee kwa niaba yangu. Jamvi liko wapi?"

Lilikuwa darini tanurini. Tukaenda sote wawili. Pandu alituteremshia. Mimi nikataka tulikung'ute kwanza, tuzipunguze zile karafuu.

"Ukilikung'uta," shangazi akasema, "utakwenda kuwaonyesha nini?" Akalikunja. Kamba ya kulifungia ikamshinda, nikamfungia, akalitia kichwani.

Kwenye ofisi alikopelekwa Bi Agnesi tulimkuta mkubwa wa pale, ndugu Katibu, mtu wa makamo, macho mekundu kwa njaa na usingizi. Lazima niseme haki yake: hakutupigia kelele.

"Hili nini, bibi?"

"Jamvi."

"La nini?"

"La kukalia, baba, kwa mtu asiye na kiti kama chako."

Nikajua tumekwisha. Lakini Katibu alinigeukia mimi, nikaeleza. Nilieleza vibaya, nikianza na mvua nikarudi kwenye turubai, nikataja Dole kabla ya kutaja jamvi. Akalifungua mezani, akaliinamia akanusa. Akachomoa kwa kucha vichwa vya karafuu, sita au saba, akavipanga.

"Hizi zina karatasi?"

"Zimo kwenye ukindu tangu nilipopewa," shangazi akasema. "Ukitaka nizirudishe Dole, nipe mtu wa kunishika mkono."

Katibu akazisukuma karafuu pembeni. Kisha akatoa bati la biskuti kabatini. Ndani mlikuwa na vikombe vilivyobaki vya futari ile, vimewekwa kama ushahidi.

"Harufu si ladha," akasema. "Siwezi kuandika kuwa nimenusa. Lazima nionje. Na nimefunga."

Wote watatu tulikuwa tumefunga. Ikawa hapana la kufanya ila kungoja magharibi. Tulikaa kwenye benchi la ukumbini, shangazi anavuta tasbihi, mimi natazama mlango wa chumba cha pili ulioachwa wazi kidogo. Niliona miguu ya Bi Agnesi chini ya kiti, viatu vimepangwa pembeni sawasawa, kama anavyovipanga tanurini. Sikumwita. Hakuniita.

Adhana ilipoadhiniwa, Katibu alikula tende, akanywa maji, akatugawia na sisi tende moja moja. Kisha akavunja ukingo wa kikombe, ule unga mtupu, akatafuna. Mimi nilikuwa nikitazama midomo yake kama nilivyokuwa nikiutazama unga tanurini. Bila ya kutaka nikajikuta nasoma Kulhuwallahu. Nilipofika ya tatu akajishika shavu.

"Hii ni dawa ya jino," akasema. "Bibi yangu alikuwa akinitia hii hii." Akacheka kidogo, kicheko cha mtu aliyetuliwa mzigo. Nadhani na yeye alikuwa na wakubwa wake wa kuwaogopa.

Akaamuru Bi Agnesi aletwe. Alikuja taratibu, kitambaa chake cheupe kimekunjwa upya.

"Mama," Katibu akamwambia, "jana tumekupa hivi ule, kwa kuwa wewe hufungi. Ukala vitatu. Nikakuuliza, unaonja nini? Ukanijibu nanasi. Nimekuuliza mara tatu. Nanasi. Wewe mpishi wa miaka yote hii hukuijua karafuu?"

Bi Agnesi hakunitazama. "Nimezeeka, ndugu. Ulimi nao unazeeka."

Katibu alimtazama, akanitazama mimi, akaliangalia jamvi. Sijui alielewa nini. Akaandika karatasi yake, akasema tunaweza kwenda. Jamvi lilibaki kwake. Hatukurejeshewa, wala shangazi hakulidai.

Njiani shangazi alitangulia, nadhani kwa makusudi. Nikatembea na Bi Agnesi.

"Ulijua," nikamwambia.

"Kikombe cha kwanza tu. Nikajua na siku uliyoanika, ile ya mvua, turubai letu limelowa."

"Mbona hukusema?"

"Ningesema karafuu, wangeuliza nani kaanika." Akatembea kidogo. "Na wewe siku mbili ulikuwa wapi, Mize?"

"Tanurini."

"Najua kuwa ulikuwa tanurini. Nakuuliza ulikuwa wapi."

Nikasema, "Nilikuwa naogopa."

"Mimi pia," akasema. "Lile nanasi ulilishusha?"

"Nililishusha."

"Lilishika chini?"

"Lilishika."

"Nshakwambia siku zote, wewe unachelewa kulishusha." Hakulitaja tena jambo lile mpaka alipostaafu, na hakuwahi kunyamaza kwa hasira juu yangu, jambo ambalo nililisubiri miaka.

Tulinyamaza siku zile zile, mimi na yeye, juu ya jambo lile lile. Nikiyasoma madaftari nakuta maneno yangu mawili, "Leo pia," na najua yeye siku hiyo alikuwa anakula kikombe cha tatu na kusema nanasi.

Baada ya hapo mambo mawili yalibadilika jikoni, na ndiyo ninayokuachieni. La kwanza, chombo cha kuanikia ngano ni cha tanuri, hakiazimwi, na kinafuliwa. La pili, Ramadhani iliyofuata nilichukua kikombe cha kwanza kutoka tanurini, cha moto, nikampelekea Bi Agnesi katikati ya jikoni, mchana, sote tumefunga. Akakataa. Nikasimama nacho mpaka vidole vikaniungua. Pandu akasema, "Kula, mama, mwenzio ataunguza mkono na hapana mwengine wa kutuunguzia mkate." Akala, uso kaugeuzia ukutani kwa haya.

"Unaonja nini, Bi Agnesi?"

"Nanasi."

"Kweli?"

"Nanasi, Mize. Nanasi tupu."

Jikoni kwenu hakosekani asiyefunga: Mkristo, mgonjwa, mwenye mimba, msafiri. Mpeni aonje, tena mbele yenu, asione haya. Na akikuambieni anaonja nanasi, mwulizeni tena.